Salsa mwenyewe hasa nani: Cuba, Puerto Rico au New York? Na Hispania inaingiaje?

#1 Mchezaji_Mpya
Wakuu salaam. Nimejiunga na darasa la dansi hapa Dar. Jumatano jioni tunafundishwa salsa, bachata na kizomba. Wiki iliyopita mwalimu akatuambia zote tatu ni dansi za Kihispania: zilitoka Hispania, zikavuka bahari na wakoloni, zikaongezewa ngoma huko Karibiani. Mimi nikabisha. Nyumbani kwetu kulikuwa na sahani za santuri za Cuba, na wazee walikuwa wakisema hii ni ngoma yetu, ilikwenda ikarudi. Ubishi ukakolea mpaka muda wa mazoezi ukaisha.

Naomba wanaojua mnisaidie. Salsa mwenyewe hasa nani? Na flamenko ina undugu nayo, au zinachangia lugha tu?

#2 Tumba_Nne
Kabla wazito hawajaingia: kizomba itoe kabisa kwenye hesabu. Ni ya Luanda, Angola, miaka ya 1980, semba iliyokutana na zouk ya Antili, na wenyewe huimba Kireno. Inapangwa jioni moja na salsa kwa sababu wachezaji ni walewale.

#3 Mzee_wa_Santuri
Salaam. Mleta mada, salsa ni son ya Cuba iliyovishwa suti mpya. Son ilizaliwa mashariki ya kisiwa, upande wa Santiago na Guantánamo, mwishoni mwa karne ya 19. Ikaingia Havana mwanzoni mwa karne ya 20, wengi husema ni askari waliohamishwa vituo ndio waliobeba. Mwaka 1920 likaundwa Sexteto Habanero, 1927 Septeto Nacional ya Ignacio Piñeiro, ambaye wengi humsifu kwa kuipa son tarumbeta.

Halafu akaja Arsenio Rodríguez, kipofu, mpiga tres. Tres ni gitaa dogo la nyuzi za jozi tatu. Miaka ya 1940 Arsenio aliongeza piano, tumba na tarumbeta zaidi ya moja, na sehemu ya mwisho ya wimbo, ile ya kuitikiana iitwayo montuno, akairefusha ili watu wacheze. Chukua rekodi yake yoyote ya wakati huo, weka pembeni rekodi ya salsa ya mwaka 1975. Mpangilio ni uleule: mwimbaji anasimulia, kisha kiitikio kinashika, tarumbeta zinajibu, piano inazunguka palepale.

Kwa hiyo Cuba. Hao wengine ni wajukuu.

#4 Binti_wa_Bronx
Mzee wangu shikamoo, ila hapo #3 umewapunja watu. Nakaa New York, na mtaa huu una haki yake.

Jina salsa lilishika kama jina la bidhaa pale kampuni ya rekodi ya Fania ilipoanza kulitangaza. Fania ilianzishwa 1964 na Johnny Pacheco, mzaliwa wa Jamhuri ya Dominika, na Jerry Masucci, mwanasheria Mmarekani mwenye asili ya Italia. Willie Colón amezaliwa Bronx, wazazi wake wenye asili ya Puerto Rico. Héctor Lavoe ni wa Ponce, Puerto Rico. Rubén Blades ni wa Panama. Ray Barretto alizaliwa New York. Mcuba mkubwa pale ni Celia Cruz, na yeye alikuwa uhamishoni.

Sababu yake ni siasa. Baada ya mapinduzi ya 1959 na vikwazo vya 1962, sahani na wanamuziki kutoka Havana wakakatika. Vijana wa hapa walibaki na muziki usio na mama wa kuwafundisha, wakaujaza maisha yao: tromboni zinazonguruma badala ya tarumbeta laini, hadithi za jela, vibarua, wahuni wa kona. Eddie Palmieri alianza na tromboni mwaka 1961. Havana haikuwa na sauti hiyo.

#5 Mzee_wa_Santuri
@Binti_wa_Bronx marahaba mwanangu. Tromboni nakubali ni zenu. Lakini hata Tito Puente, mzaliwa wa New York mwenye asili ya Puerto Rico, alikuwa akisema waziwazi kwamba anachopiga ni muziki wa Cuba, na jina salsa hakulipenda. Mwenye nyumba akikwambia kiwanja si chake, umsikilize.

#6 Kasongo_Lshi
Bandugu jambo. Mi niko Lubumbashi. Mnapigania mjukuu, babu mmemwacha mlangoni.

Rumba ni nkumba, dansi ya kiuno na kitovu ya Wakongo wa Bas-Congo na Angola. Watu wetu walipelekwa Cuba utumwani, na huko dini yao ya Palo bado inaimbwa kwa maneno ya Kikongo. Arsenio mnayemsifu alijiita mwenyewe mzao wa Kongo, na wimbo wake Bruca Maniguá wa 1937 una maneno ya Kikongo ndani. UNESCO waliandikisha rumba ya Cuba 2016, na rumba ya Kongo, sisi na ndugu zetu wa Brazzaville, mwaka 2021. Tulienda, tukarudi, na cheti kiko.

#7 Msomaji_wa_Kona
@Kasongo_Lshi heshima kwako, lakini hiyo ya nkumba inarudiwa kuliko inavyothibitishwa. Wahispania nao wana neno lao rumbo lenye harufu ya shangwe na kujionyesha, na wapo wataalamu wanaolishikilia hilo. Majina mawili yakifanana hayajawa hati ya kiwanja.

Pia kuna mkanganyiko unaopita bila kuguswa. Rumba ya Cuba iliyo kwenye orodha ya UNESCO haina gitaa hata moja! Ni ngoma, vijiti na sauti. Kuna yambú ya polepole, guaguancó ya mwanamume na mwanamke, na columbia, ambayo kwa desturi mwanamume hucheza peke yake. Matanzas na Havana, kwenye bandari na nyua za makazi ya maskini, walipiga hata makasha ya samaki wa chumvi. Los Muñequitos de Matanzas wanapiga hivyo tangu 1952. Ukiweka rekodi yao karibu na ya Franco wa Kongo, utauliza jina moja limefikaje kwa vitu viwili.

#8 Mzee_wa_Santuri
Limefika kwa karatasi ya katikati ya sahani.

Mwaka 1930 bendi ya Don Azpiazú ilirekodi El Manisero huko New York, Antonio Machín akiimba. Huo ni wimbo wa muuza karanga, na mdundo wake ni son. Lakini kampuni ikaandika kwenye lebo "rumba fox-trot", kwa sababu mnunuzi Mmarekani asingejua son ni nini. Sahani ikauzika mno, dunia nzima ikaanza kuita son rumba. Kuanzia 1933 kampuni ya HMV ikaleta Afrika mfululizo wa sahani zenye herufi GV, nyingi zikiwa za Cuba, na El Manisero ikiwemo. Zilikuwa za mizunguko 78 kwa dakika, nyeusi, nzito, ukiiangusha moja sakafuni umeipoteza. Léopoldville (Kinshasa ya leo) walizipokea, Dar walizipokea, Lagos na Dakar pia. Kasongo, wazee wako walipojifunza "rumba" walikuwa wanajifunza son.

#9 Kasongo_Lshi
Sawa, jina libaki kwenye lebo. Tuangalie chombo.

Son ya zamani kule Guantánamo, inayoitwa changüí, besi yake ni marímbula. Ni kasha la mbao, mpigaji analikalia, mbele pana tundu na vyuma bapa vimebanwa juu ya kizingiti. Anainama, anavichomoa kwa vidole katikati ya magoti yake. Hiyo ni likembe yetu imekuwa kubwa! Ninyi Watanzania mnayo ya Wagogo, ilimba. Hispania hakuna chombo kama hicho, hata kimoja. Sahani za GV zilikuta watu wanaokijua tayari kile walichokuwa wanakisikia, ndiyo maana zilishika Kongo kuliko foxtrot na waltz zilizokuja kwa meli zilezile.

#10 Tumba_Nne
#9 nakazia. Na tumba pia, ndugu wa ngoma za Kikongo. Hata wanamuziki wetu wa dansi wanaziita tumba mpaka leo.

#11 Dada_wa_Nyali
Na mimi niulize, nisicheke peke yangu: klave ni nini hasa? Kila anayejifanya fundi wa salsa huku Mombasa anataja klave kama jina la mganga.

#12 Fundi_Gitaa
@Dada_wa_Nyali klave ni vitu viwili. Kwanza ni vijiti viwili vya mti mgumu. Kimoja unakilaza juu ya kiganja kilichokunjwa ili pawe na uwazi chini yake, kingine unakigonga katikati, kinalia kwa ukali unaopenya bendi nzima. Fernando Ortiz, mtaalamu mkubwa wa Cuba, aliandika kwamba vilitokana na vigingi vya mbao vya mafundi wa meli wa bandari ya Havana.

Pili ni mpangilio wenyewe: mapigo matano katika vipimo viwili, matatu upande mmoja na mawili upande wa pili. Piga makofi: pa... pa... pa, kimya, pa-pa, kimya. Ukibadilisha ukaanza na mbili, wimbo mzima unageuka. Kila chombo kinalazimika kukaa upande wake. Mpangilio wa namna hiyo unapigwa kwa kengele za chuma Afrika Magharibi na ya Kati, na hapo Hispania haina la kudai.

Ila mleta mada asije akamtimua mwalimu wake. Gitaa limetoka Hispania, na tres ni mtoto wake. Lugha, mashairi na sauti za kuongozana ni vya huko. Wakulima wa Cuba wanaghani kwa décima, mistari kumi ya silabi nane nane, iliyopewa umbo lake na Vicente Espinel karne ya 16. Anayejua utenzi mizani nane hazitamshangaza. Mshairi wa Cuba anatunga décima papo hapo na kujibizana na mwenzake kama walumbi wa Lamu.

#13 Mwana_Triana
Salaam kutoka Sevilla, ninasoma huku. Niguse flamenko, maana imeulizwa na mmeipita.

Flamenko ni ya Andalusia, hasa Sevilla, Jerez na Cádiz. Wagitano, yaani Waroma wa Hispania, walifika rasi ya Iberia karne ya 15, nyaraka ya kwanza ni ya 1425 kule Aragón. Wakateswa kwa sheria mbalimbali. Mwaka 1749 serikali ilikamata maelfu yao kwa mkupuo. Flamenko tunayoijua ikachomoza karne ya 19 kutoka familia zao na maskini wenzao, kisha ikapanda kwenye mikahawa ya kuimbia. Silverio Franconetti alifungua wake hapa Sevilla mwaka 1881.

Haina klave. Ina compás, yaani mzunguko wake wa hesabu. Soleá na bulería, aina mbili za flamenko, zinazunguka kwa hesabu ya kumi na mbili, mkazo ukikaa hivi: moja mbili TATU nne tano SITA saba NANE tisa KUMI kumi na moja KUMI NA MBILI. Jaribu kupiga makofi bila kupotea. Mara ya kwanza nilipokaa na watu wa Triana, mtaa wa hapa Sevilla, niliambiwa kwa upole niache kupiga na nisikilize tu. Makofi ni kazi ya mtu aliyekomaa, si ya mgeni mwenye furaha.

Sasa undugu. Kuna nyimbo za flamenko ambazo wenyewe wanaziita za kwenda na kurudi: guajira, colombiana, rumba flamenka. Zina alama ya Cuba na Amerika. Na mambo haya ni ya kale: dansi ya zarabanda ilipigwa marufuku Hispania mwaka 1583, na maandishi ya kale kabisa yanayoitaja yanatoka upande wa Amerika. Hata cajón, lile kasha wanalokalia wapigaji wa flamenko leo, ni la Waafrika wa Peru. Paco de Lucía alilileta mwishoni mwa miaka ya 1970. Kwa hiyo mwalimu wa mleta mada anaona njia moja ya bahari, wakati ilipitika pande zote mbili.

#14 Bint_Muscat
Ahsante #13, lakini Waarabu umewaruka kweupe. Al-Andalus ilidumu tangu 711 mpaka Granada ilipoanguka 1492. Ziryab alitoka Baghdad akaingia Córdoba mwaka 822 na udi wake, na inasimuliwa kwamba aliuongeza uzi wa tano. Mimi nimekulia kwenye taarab, bibi yangu wa Unguja. Nikisikia mwimbaji wa flamenko anavuta "aaay" ile ndefu na kuipandisha na kuishusha, nasikia mawwal, ile ghani ya Kiarabu ya kuvuta sauti. Sihitaji profesa.

#15 Mwana_Triana
@Bint_Muscat sikio lako si la kupuuzwa. Hata mtunzi Manuel de Falla, aliyeandaa mashindano ya cante jondo, uimbaji wa kina wa flamenko, Granada mwaka 1922 pamoja na mshairi García Lorca, alitaja athari za Mashariki. Shida yangu ni miaka. Kati ya Ziryab na mikahawa ya Silverio pana zaidi ya miaka 1000, na Wamorisko, Waislamu waliolazimishwa Ukristo, walifukuzwa kuanzia 1609. Anayedai uzi haukukatika lazima aonyeshe nani alioushika katikati. Wengine wanasema Wagitano waliupokea kwa Wamorisko waliojificha kwao, wengine wanasema sauti hiyo ya kuvuta ni ya Wagitano wenyewe tangu India, wengine wanaitaja sinagogi, wengine kanisa la Bizanti. Na Sevilla ya karne ya 16 ilikuwa na Waafrika wengi, watumwa na walioachwa huru, wenye ngoma zao. Hao huwa wanasahaulika kabisa.

#16 Bint_Muscat
Uzi huwa unashikwa na wanawake jikoni na kwenye vitanda vya watoto. Hao nyaraka haziwaandiki.

#17 Mtoto_wa_Moro
Nimeingia kuchangia hapo kwenye La Paloma ingawa hakuna aliyeitaja! Sebastián Iradier, Mbaski wa Hispania, alitunga La Paloma kwa mdundo wa habanera, yaani wa Havana. Ni yuleyule ambaye Bizet alitumia wimbo wake kwenye opera ya Carmen. Karibu miaka 90 baadaye, 1948, Salum Abdallah wa Morogoro akaunda bendi na kuiita La Paloma. Ndiyo iliyokuja kuwa Cuban Marimba Band. Mhispania kachukua mdundo wa Cuba, wimbo umezunguka dunia, umetua mji kasoro bahari.

#18 Mzee_wa_Santuri
#17 umenikuna. SAY, yaani Salum Abdallah, alifariki 1965, bado kijana. Kwenye zile rekodi zake tumba na kiitikio ni Cuba, ila uimbaji ni wa Kiswahili kabisa, hajaiga mtu.

#19 Fundi_Gitaa
Na hapo ndipo Kongo walipofanya kazi yao kubwa. Cuba, anayezungusha montuno ni piano au tres. Kongo piano hazikuwepo mitaani, magitaa yakachukua nafasi hiyo: moja la kuongoza, moja la kusindikiza, baadaye mi-solo katikati. Mzunguko ule ukazidi kurefuka mpaka ukawa sebene. Dk Nico wa African Jazz, ukimsikiliza miaka ya 1950 mwishoni, vidole vyake vinacheza kazi ya piano ya Havana. Indépendance Cha Cha, 1960, hata jina halijifichi.

Ila wapo wanaosema gitaa la Kongo lilianza na mabaharia na makarani wa Afrika Magharibi waliofika Matadi, na dansi ya maringa kabla ya GV yoyote. Kasongo atatuambia.

#20 Kasongo_Lshi
Maringa ilikuwepo, kweli. Na mwaka 1974 Celia Cruz na Fania walikuja Kinshasa, uwanja wa 20 Mai, kabla ya pambano la Ali na Foreman. Watu waliitikia nyimbo za Kihispania bila kujua Kihispania. Hiyo inaelezwa na nini?

#21 Binti_wa_Bronx
Inaelezwa na Fania kuwa na bendi nzuri 😄 Lakini turudi kwenye miguu, maana mleta mada anajifunza kucheza na tumemjaza historia. Mkuu, uliza unafundishwa mtindo gani. Hapa New York tunacheza "kwenye mbili": hatua ya kuvunja mbele au nyuma inaangukia pigo la pili, mtindo uliosambazwa sana na Eddie Torres, na mizizi yake ni ukumbi wa Palladium enzi za dansi ya mambo. Los Angeles wanavunja kwenye moja, kwa mstari ulionyooka na vishindo vingi. Cali, Kolombia, kiwiliwili kimetulia na miguu inakimbia ajabu.

#22 Tumba_Nne
Na Cuba wenyewe wanacheza casino, kwa kuzungukana, jina likitokana na klabu ya Casino Deportivo ya Havana, miaka ya 1950. Wakijipanga duara ni rueda: mmoja anapaza sauti "dame", na kila mwanamume anamwachia mwenzake na kumpokea anayefuata. Ukichelewa unabaki mikono mitupu katikati ya watu. Hiyo ndiyo niliyoipenda kuliko zote.

#23 Msomaji_wa_Kona
Tusisahau "Latini" ya mashindano ya Wazungu: chacha, samba, rumba, paso doble na jive. Jive ni ya Wamarekani Weusi. Paso doble ni ya muziki wa viwanja vya ng'ombe Hispania, na hatua zake nyingi zilipangwa Ufaransa. Hiyo rumba yao ya polepole imetengenezwa London. Pierre, mwalimu wa dansi, alikwenda Cuba 1947 akakuta wanacheza tofauti na walichokuwa wakifundisha, akarudi kurekebisha. Chacha pekee ina baba anayejulikana: Enrique Jorrín, mpiga fidla wa Havana, La Engañadora, 1953.

#24 Dada_wa_Nyali
Bachata hamjaisema na ndiyo ninayoipenda. Msiniambie nayo ni ya Kongo.

#25 Mchezaji_Mpya
Shukrani wakuu wote. Mwalimu nimempa kiungo cha uzi huu. Amesoma, amesema suala la gitaa na décima linamtosha kushikilia msimamo wake, na kuhusu marímbula atatafuta. Kizomba ameitoa kwenye sentensi. Naunga mkono swali la #24.

#26 Mzee_wa_Santuri
Bachata ni ya Jamhuri ya Dominika, mtoto wa bolero ya magitaa. Rekodi za kwanza ni za José Manuel Calderón, 1962, mwaka mmoja baada ya dikteta Trujillo kuuawa. Trujillo alikuwa akiipandisha merenge tu. Kwa miaka mingi redio za mji mkuu ziliikataa bachata kama muziki wa vilabu vya pombe na wanawake wasio na waume, mpaka Juan Luis Guerra alipotoa Bachata Rosa mwaka 1990, kisha vijana wa Aventura, wa Bronx kwa @Binti_wa_Bronx, wakaipeleka duniani.

#27 Binti_wa_Bronx
Bronx tena! Nilisema.

#28 Kasongo_Lshi
Na bongo za bachata, zile ngoma ndogo mbili, zimetoka wapi? Nauliza tu.

#29 Fundi_Gitaa
Mashariki ya Cuba, na wewe unajua ninakwenda kuulizwa nini baada ya hapo. Fungua uzi mwingine wa bongo, tutakuja wote.